Namba 129: kwa nini kijana wa Limerick alifika Wimbledon akiwa na miaka 29

Ratiba ya mechi za wanaume pale Wimbledon, shindano maarufu la tenisi la Uingereza, ina nafasi 128. Conor Niland, kijana aliyekulia Limerick, Ireland, hakuwahi kupanda juu ya namba 129 katika orodha ya dunia maisha yake yote ya raketi. Ukiziweka namba hizo mbili pamoja unaweza kudhani alikosa kwa mtu mmoja tu. Mambo hayakuwa hivyo. Niland alicheza Wimbledon mwaka 2011, tena wakati alikuwa ameshateremka chini ya hiyo 129. Na wapo wachezaji wenye namba nzuri kuliko yake ambao hupita mlango uleule wa nyuma aliopita yeye.

Kwa mtu aliyelelewa na mpira wa miguu, kama wengi wetu, jambo hili halikai sawa kichwani. Mchezaji wa 129 kwa ubora duniani katika soka anaanza kila wiki kwenye klabu kubwa ya Ulaya, ana wakala, na kwao ameshajenga. Katika tenisi, wa 129 huenda usiku huu anatafuta tiketi ya bei nafuu ya kutoka mji mdogo wa Austria kwenda mji mdogo wa Ufaransa, kabeba mwenyewe mfuko wenye raketi sita, na hajui kama wiki ijayo jina lake litaingia kwenye orodha.

Niland alizaliwa Birmingham, Uingereza, Septemba 1981, kwa wazazi wa Kiairishi, kisha familia ikarudi nyumbani Limerick akiwa bado mdogo. Limerick ni mji wa mto Shannon, na mapenzi yake yanajulikana: raga, na hurling, ule mchezo wa Waairishi wa fimbo na mpira mdogo mgumu ambao mtu akiutazama mara ya kwanza hushangaa kwamba wachezaji wanatoka uwanjani na meno yao. Mtoto wa tenisi katika mji huo ni kama mtoto wa hoki ya barafu Tanga. Bahati yake ni kwamba tenisi ilikuwa tayari ndani ya nyumba. Dada yake Gina naye aliicheza hadi akaiwakilisha Ireland.

Tatizo la kwanza lilikuwa chini ya miguu yake. Ireland mvua haina msimu, inanyesha inavyotaka. Kwa hiyo klabu nyingi kule zimetandika nyasi bandia zilizojazwa mchanga, maana maji yanapenya haraka na wanachama wanaweza kurudi kucheza dakika chache baada ya mvua kukata. Kwa mzee wa miaka sitini anayetaka kunyoosha viungo Jumamosi, ni uwanja mzuri sana. Kwa kijana anayetaka kwenda duniani ni mtego. Mpira unadunda chini na unakuja kwa namna ambayo haifanani na popote pengine, na hakuna shindano kubwa la kulipwa linalochezwa juu yake. Dunia ya tenisi inacheza juu ya sakafu ngumu, juu ya udongo mwekundu, na kwa wiki chache za kiangazi juu ya nyasi za kweli. Kijana wa Ireland anaweza kukusanya makombe ya nyumbani hadi kabati lijae, halafu akivuka bahari akajikuta anajifunza upya jinsi mpira unavyoruka.

Kuna kinaya hapa ambacho siwezi kukipita. Ireland ni miongoni mwa nchi za kwanza kabisa za mchezo huu. Klabu ya Fitzwilliam ya Dublin ilianzishwa 1877, mwaka uleule wa Wimbledon ya kwanza, na mwaka 1879 mashindano ya Ireland yalikuwa tayari na ubingwa wa wanawake, miaka mitano kabla Wimbledon haijawaruhusu. Mwaka 1890 mabingwa wote wawili wa Wimbledon, Willoughby Hamilton kwa wanaume na Lena Rice wa Tipperary kwa wanawake, walikuwa Waairishi. Joshua Pim akafuata 1893 na 1894, Harold Mahony 1896. Kisha kimya. Mchezo ulikuwa wa watu wenye bustani kubwa, na karne iliyofuata haikuwa ya watu wenye bustani kubwa nchini Ireland. Roho ya taifa ilikwenda kwenye hurling na soka ya Kigeliki (soka ya asili ya Waairishi), ambako kila parokia ina timu yake. Mtoto mwenye mkono mzuri na jicho kali akichukuliwa na parokia akiwa na miaka saba, tenisi humpata wapi tena?

Basi Niland akaondoka. Alisoma Millfield, shule ya bweni iliyoko Somerset, Uingereza, inayosifika kwa michezo. Hapo tayari unaona bei ya kwanza ya safari hii: mtoto kuhama nchi kabla hajaota ndevu. Familia za nchi kubwa za tenisi nazo hulipa, lakini Ufaransa kuna mfumo wa shirikisho unaomchukua mtoto, unampa kocha, unampa kitanda, unampa wenzake wa kupigana nao kila asubuhi. Kijana wa Ireland mwenzake wa kiwango chake anaweza kuwa mmoja tu nchi nzima, naye anaishi mwendo wa saa tatu.

Akiwa na miaka kumi na minane, kila kijana wa namna hii hufika njia panda. Njia moja ni kuingia moja kwa moja kwenye tenisi ya kulipwa, ukijua kwamba miaka miwili mitatu ya kwanza utalipa wewe. Nyingine ni chuo kikuu cha Marekani. Niland alichagua chuo, akaenda Berkeley, California, akasoma fasihi ya Kiingereza na kuichezea timu ya chuo.

Vyuo vya Marekani vinahitaji maelezo kidogo, maana Ulaya na Afrika hakuna kitu kinachofanana navyo. Chuo kinamlipia mchezaji karo, chakula, malazi, makocha, viwanja, tiba na safari, naye anakichezea chuo. Siku ya mechi watu sita wa upande huu wanakutana na sita wa upande ule, viwanja vimepangana, mechi zote zinachezwa kwa pamoja, na wenzako wanakupigia kelele katikati ya pointi. Mtu aliyezoea ukimya wa Wimbledon angedhani yuko Jangwani siku ya watani wa jadi. Ufadhili wenyewe si mwingi kama watu wanavyofikiri. Kwa miaka mingi timu ya wanaume ya daraja la kwanza iliruhusiwa kugawa ufadhili wa watu wanne na nusu. Ndiyo, na nusu. Wachezaji wanane au zaidi wakagawana hao wanne na nusu, huku timu ya wanawake ikipewa nafasi nane kamili. Kanuni hiyo ilikuja kubadilishwa 2025.

Afrika Mashariki tunaijua njia hii. Paul Wekesa wa Kenya alipitia chuo Marekani kabla ya kufika namba 100 duniani mwaka 1995, na hadi leo jina lake ndilo linalotajwa kwanza watu wakizungumza tenisi ya Kenya. Angella Okutoyi, aliyeandika historia 2022 kwa kutwaa ubingwa wa wasichana wawili wawili pale Wimbledon pamoja na Rose Marie Nijkamp wa Uholanzi, naye alikwenda Chuo Kikuu cha Auburn, Alabama. Wapo walionung'unika kwamba msichana aliyeshinda Wimbledon ya vijana anapoteza muda darasani. Nadhani hawajapiga hesabu. Kwa mtoto asiye na shirikisho tajiri nyuma yake, chuo ni miaka minne ya kukomaa bila bili ya hoteli. John Isner alipitia huko, Kevin Anderson wa Afrika Kusini vilevile, na Cameron Norrie, na Ben Shelton.

Lakini chuo nacho kina bei yake, na bei hiyo hulipwa kwa umri. Niland alianza tenisi ya kulipwa mwaka 2005, akiwa na miaka 23. Roger Federer alizaliwa Agosti 1981, wiki chache tu kabla yake. Kiangazi kile Niland anatoka Berkeley na shahada yake, Federer alikuwa anainua kombe la Wimbledon kwa mara ya tatu mfululizo. Jina hilo litarudi mbele, kwa hiyo liweke kando.

Tenisi ya kulipwa ni jengo lenye ghorofa tatu, na kila ghorofa ina malipo yake, pointi zake na mlinzi wake mlangoni. Juu kuna mashindano ya ATP, chombo cha tenisi ya kulipwa ya wanaume, pamoja na Grand Slam nne, yale makubwa kuliko yote kama Wimbledon, yaani yale tunayoyaona kwenye televisheni. Katikati kuna Challenger. Chini, enzi za Niland, kulikuwa na Futures, zikisimamiwa na shirikisho la kimataifa, ITF. Mlinzi wa kila ghorofa anauliza swali moja tu: una pointi ngapi? Hakuulizi ulimfunga nani mazoezini wala kocha wako anasemaje. Orodha ya dunia inajumlisha pointi zako za wiki 52 zilizopita, na enzi za Niland, kwa mchezaji wa ngazi hii ni mashindano 18 bora tu yaliyohesabiwa. Wiki ya 53 ikifika, pointi za mwaka jana zinafutika. Ni kama kujaza mtungi wenye tundu: hata ukiwa umelala kitandani na goti limevimba, maji yanatoka.

Asiye na pointi anaanzia Futures, na hata huko si ndani. Anaanzia mchujo wa Futures, ambako unaweza kushinda mechi tatu na usipate pointi hata moja, kwa sababu pointi zinaanzia ndani ya shindano lenyewe. Ukiingia ndani ukashinda mechi ya kwanza, unapata pointi moja. Ukilibeba shindano la dola 10,000, ukashinda mechi tano mfululizo, unapata pointi 18 na hundi ya dola 1,300 kabla ya kodi. Hiyo dola 10,000 ni jumla ya fedha za shindano zima, wagawane wote. Aliyefungwa raundi ya kwanza alikuwa anaondoka na kama dola 117. Humo mtoe nauli ya ndege, hoteli, chakula, na fundi wa kufunga nyuzi za raketi. Na jumla hiyo ya dola 10,000 ilikaa hivyo hivyo tangu mwishoni mwa miaka ya tisini hadi 2016, huku nauli na hoteli zikipanda kila mwaka kama kawaida yake.

Nairobi, Kigali na Kampala ziliwahi kuandaa mashindano ya ngazi hii, na wenyeji waliokuwa wakienda kutazama watakumbuka vijana wa Ulaya waliochomwa na jua, ambao hakuna aliyewajua, wakipigana kama simba mbele ya watazamaji ishirini. Walikuwa wanavua pointi. Mtu anafungua ramani anaangalia wiki hii wapi kuna samaki na wavuvi wachache, anapanda ndege. Huo ndio ulikuwa ujana wa kazi wa Niland pia: miji ambayo hukupanga kuijua, chumba cha bei rahisi, mtu wa kufanya naye mazoezi unayemwomba asubuhi ileile kwenye ukumbi wa hoteli. Kocha wa kusafiri naye ni anasa. Mpinzani wa leo ndiye utakayekula naye kesho, na nyote wawili mnajua kwamba mmoja akipanda, pengine ni kwa mgongo wa mwenzake.

Sasa chukua kalamu. Mashindano 18 yalihesabiwa. Tuseme kijana ameyabeba yote 18, kila moja la dola 10,000, bila kukosea hata wiki moja. Kumi na nane mara kumi na nane ni 324. Kwa pointi 324 wakati ule bado usingekuwa ndani ya mia moja bora. Maana yake huwezi kutoka ghorofa ya chini kwa kushinda ghorofa ya chini tu, hata ukiwa mfalme wake. Inabidi ufike mahali uingie Challenger, ambako taji moja lilikuwa na thamani ya kati ya pointi 75 na 125, kiasi ambacho kingekuchukua miezi kukikusanya huko chini. Lakini mlinzi wa Challenger anataka uwe tayari kwenye mia mbili na kitu, au upitie mchujo wake. Vijana wengi wenye kipaji wanakwama kwenye ngazi hii. Uwezo wa kushinda wanao. Wiki za kushinda mfululizo kabla fedha hazijaisha ndizo zinazowakosa.

Uchunguzi wa ITF uliotumia takwimu za 2013 ulionyesha kwamba mwanaume alihitaji kuwa karibu namba 336 duniani ili mapato yake ya uwanjani yalingane na gharama zake, na mwanamke namba 253. Hapo mshahara wa kocha haumo. Ukimweka kocha, mstari unapanda juu zaidi. Mtu wa 400 duniani, ambaye angekufunga wewe na mimi na bingwa wa wilaya kwa mkono wa kushoto, anaikopesha kazi yake fedha.

Niland alikaa ndani ya ghorofa hizi mbili za chini karibu miaka sita. Mwaka wake mkubwa wa kupanda ulikuwa 2010, alipotwaa Challenger ya Ramat HaSharon, Israel, kisha Novemba akabeba ile ya Salzburg, Austria. Mpinzani aliyeshindwa naye kwenye fainali ya Salzburg alikuwa Mpolandi mmoja mrefu wa miaka ishirini, Jerzy Janowicz. Miaka mitatu baadaye Janowicz alifika nusu fainali ya Wimbledon. Nalitaja hilo ili msomaji aone wembamba wa ukuta kati ya ghorofa na ghorofa: mtu uliyemshika na kumwangusha wiki moja, ukikutana naye baadaye yuko upande wa pili wa kioo, mbele ya kamera.

Mataji hayo ndiyo yaliyompa ile namba 129. Na hapa turudi kwenye fumbo la mwanzo.

Nafasi 128 za Wimbledon hazijazwi kwa kuhesabu kutoka namba moja hadi 128. Wanaoingia moja kwa moja kwa orodha ya dunia ni 104, na orodha inayotumika ni ya wiki kadhaa kabla ya shindano. Ukishinda taji baada ya hapo, hongera, lakini umechelewa. Nafasi nane ni mialiko ya waandaaji. Zilizobaki 16 zinagombewa kwenye mchujo na watu 128 wengine. Hivyo mtu wa 110 duniani anakwenda mchujoni, wakati kijana wa 250 mwenye mwaliko anasubiri mechi yake kwa starehe.

Nani anapata mialiko? Waandaaji wanaweza kumpa wanayemtaka, na mara nyingi wanayemtaka ni mtoto wa nyumbani. Uingereza inawapa Waingereza. Marekani, Ufaransa na Australia nazo zinawapa wa kwao, tena mashirikisho ya nchi hizo tatu yamekuwa na desturi ya kubadilishana: mpe wangu mmoja kwako, nami nampa wako mmoja kwangu. Grand Slam ziko nne, na nchi ni hizo hizo nne. Ireland haimo, wala Kenya, wala nchi nyingine yoyote iliyobaki duniani. Kijana wa kawaida wa Kifaransa aliyeko nje ya mia moja anaweza kuingia Roland Garros, Grand Slam ya Ufaransa, kwa mwaliko, akafungwa raundi ya kwanza, na akatoka na hundi ambayo mwenzake wa Ireland angeitafuta kwa mashindano mengi ya Challenger. Hundi hiyo inamlipa kocha wa mwaka ujao, na kocha wa mwaka ujao anampandisha. Simlaumu Mfaransa. Nasema tu kwamba orodha ya dunia inapima uchezaji pamoja na pasipoti. Niland alizaliwa Birmingham, na mtu mwenye mawazo ya kibiashara angeweza kujiuliza bendera ya Uingereza ingemfungulia milango gani. Yeye alichezea Ireland, Kombe la Davis, lile la timu za mataifa, akalicheza kwa miaka mingi, na baadaye akaja kuwa nahodha wa timu hiyo nje ya uwanja.

Mchujo wa Wimbledon hauchezwi Wimbledon. Unachezwa Roehampton, kilomita chache tu kutoka pale, wakati ule kwenye viwanja vya michezo vya Benki Kuu ya Uingereza. Nyasi ni nyasi, lakini majukwaa makubwa hakuna. Ni raundi tatu, na kwa wanaume ile ya tatu ilikuwa ya seti tano, kama mechi ya Grand Slam kamili, ili mtu afike ndani akiwa ameshachubuka. Juni 2011 Niland alishinda zote tatu. Alikuwa na miaka 29. Magazeti ya Dublin yakafungua kumbukumbu na kumkuta Sean Sorensen, mwaka 1980, kama Mwairishi wa mwisho kufuzu hivyo. Mwaka mmoja na nusu kabla, mtoto wa huyo Sorensen, Louk, aliyekulia Ujerumani, alikuwa amefuzu Australian Open na kumfunga Lu Yen-hsun wa Taiwan raundi ya kwanza. Kwa nchi iliyowahi kutoa mabingwa wawili wa Wimbledon mwaka mmoja, mavuno ya kizazi kizima yalitosha kwenye kiganja.

Raundi ya kwanza Niland alipangwa na Adrian Mannarino, Mfaransa wa mkono wa kushoto. Mechi ilikwenda hadi seti ya tano. Katika seti hiyo ya tano Niland aliongoza gemu 4 kwa 1, akiwa ameshinda mara mbili gemu ambazo Mannarino ndiye aliyekuwa anaanzisha mpira. Kwenye nyasi, ambako anayeanzisha mpira ndiye mwenye nguvu, kupokonya mara mbili ni kama kuongoza mabao mawili dakika ya themanini. Na kila aliyekuwa uwanjani alijua mshindi anakwenda wapi: Uwanja Mkuu, raundi ya pili, dhidi ya Roger Federer, rika lake wa Agosti 1981, ambaye sasa alikuwa na makombe sita ya Wimbledon.

Mannarino alishinda gemu tano mfululizo. Seti ikaisha 6 kwa 4.

Watu wanapenda kusema hapo moyo ulimshinda. Inawezekana. Lakini mimi naangalia pia kilichokuwa mezani, kwa sababu mtu wa ghorofa ya chini hachezi pointi moja ya tenisi tu, anacheza pamoja na hesabu zake zote. Kufungwa raundi ya kwanza kulikuwa na pauni 11,500 na pointi 10, ukijumlisha 25 za kufuzu mchujo, 35. Kushinda kungeziongeza pointi hizo hadi 70, na kungemweka kwenye televisheni ya dunia nzima saa za mchana, mahali ambapo wadhamini huamka. Federer angeweza kuongoza 4 kwa 1 akafikiria gemu inayofuata. Kwa mtu aliyengoja tangu utotoni, ambaye hajui kama atarudi tena, gemu inayofuata ina uzito wa miaka ishirini.

Miezi miwili baadaye alirudia muujiza: alifuzu US Open kupitia mchujo. Bahati nasibu ya ratiba ikampa Novak Djokovic, namba moja duniani, bingwa wa Australian Open na Wimbledon mwaka uleule, kwenye uwanja wa Arthur Ashe, mkubwa kuliko viwanja vyote vya tenisi. Safari hii shimo lake lilikuwa la ajabu zaidi. Alikula kitu kibaya, tumbo likamvuruga, akaingia uwanjani bila nguvu. Djokovic alikuwa anaongoza 6-0, 5-1 wakati Niland aliponyoosha mkono kujitoa. Mtu anajiandaa maisha yake yote kwa siku moja, halafu siku yenyewe inaamuliwa na sahani ya chakula. Mchezaji mkubwa husafiri na mpishi au mtu wa lishe. Mdogo hula anachokikuta.

Mambo yamebadilika kiasi tangu hapo. Fedha za chini kabisa zimepanda kutoka mashindano ya dola 10,000 hadi ya dola 15,000, ongezeko ambalo bado halimlipi mtu nauli. Vyuo vya Marekani na ATP vimeelewana kuanzia 2023 kwamba wachezaji bora wa vyuo wapewe nafasi za moja kwa moja kwenye Challenger, njia ya mkato ambayo kijana wa Berkeley mwaka 2005 hakuwa nayo. Na kuanzia 2024 ATP ilianza kuwahakikishia wachezaji kipato cha chini kabisa cha mwaka, mradi wacheze idadi ya mashindano iliyowekwa: dola 300,000 kwa walio ndani ya mia moja, 150,000 kwa wa 101 hadi 175, na 75,000 kwa wa 176 hadi 250. Kwa viwango hivyo vya mwaka wa kwanza, mtu wa 129 angeamka na dola laki moja na nusu chini yake hata mwaka ukimwendea vibaya. Raundi ya kwanza ya Wimbledon nayo, ile ya pauni 11,500, ilifika 66,000 mwaka 2025.

Niland hakuyaona hayo akiwa mchezaji. Nyonga yake ilikuwa imechoka, na nyonga ya mchezaji wa tenisi ikichoka hakuna pa kujificha, maana kila mpira unaanzia hapo. Orodha haikumsubiri. Wiki baada ya wiki pointi za Challenger zikafika mwaka na kufutika, na hakuwa na mwili wa kuleta nyingine. Zile 35 za Wimbledon zilikuwa na uhai hadi kiangazi cha 2012. Mwenyewe alikuwa ameshastaafu tangu Aprili.